Malimwengu ya fizikia na pacha aliyebaki nyuma

Tafsiri ya harakaharaka ya supasimetri ni 'ulinganifu mkuu', na ya maltivesi 'malimwengu'. Mimi sikubali yoyote. Malimwengu, msomaji wangu, ni visa na vituko vya duniani. Nao 'ulinganifu mkuu' hausemi kitu.

Supasimetri yadai kila chembe ina pacha wasiyefanana, mzito zaidi. Pacha hao ndio wangeeleza kwa nini chembe ya Higgs ni nyepesi hivyo. Mwanafunzi wa Migori au Homa Bay anaijua habari hii: Opiyo hutangulia, Odongo hufuata, na kwa Dholuo jina Odongo ni aliyebaki nyuma. Mtambo wa CERN, Geneva, ulimpata Higgs 2012; Odongo hajatokea mpaka leo.

Ndipo wengine wakashika maltivesi: kwamba kuna ulimwengu nyingi, kila mmoja na vipimo vyake, na wetu umebahatika tu.

Basi tuseme 'upacha wa chembe' na 'wingi wa ulimwengu'. Upacha waweza kutafutwa mtamboni. Huo wingi tutaupimia wapi? Istilahi inayoficha dai humnyima mwanafunzi nafasi ya kuuliza swali hilo.