Pingili Kumi na Mbili

Hajati anayeuza chai ya maziwa na anjera karibu na kituo cha mabasi cha Kisenyi, Kampala, havai saa. Mwambie basi la ndugu yako linaondoka Kigali saa tatu usiku nawe unalitarajia Kampala saa moja asubuhi: dole gumba lake litatua kwenye pingili ya tatu, litatembea mojamoja hadi ya kumi na mbili, litarudi mwanzo na kusimama. "Kumi," atasema. Kisha atakumbuka. "Tisa, mwanangu. Saa yao iko nyuma ya yetu."

Vidole vinne, kila kimoja pingili tatu. Ni zilezile anazohesabia tasbihi.

Mimi nilikuwa na simu, na simu ikaniaibisha. Kijana alinipakulia magunia ya mahindi kwenye mashine za kusaga, tukipatana malipo kwa saa. Alianza saa mbili kasorobo, akamaliza saa tano na dakika ishirini. Nikabonyeza 5.20, nikatoa 1.45, ikaja 3.75. Nikatangaza kwa kujiamini: saa tatu na dakika sabini na tano, yaani saa nne na robo! Kijana angeweza kunyamaza akapokea. Badala yake alinihesabia kama mtu anayevuka mto kwa kukanyaga mawe: kutoka kasorobo mpaka mbili kamili, robo, mbili mpaka tano, saa tatu, na ile ishirini ya juu. Saa tatu na dakika thelathini na tano. Kikokotoo hukopa mia, ilhali saa hukopesha sitini tu, urithi wa hesabu za Wababeli.

Ustadi wenyewe uko hapo, kwenye kuvuka. Na katika kuvuka, saa yetu ya Kiswahili imetupunguzia kazi. Waganda nao wanahesabu vivyo hivyo: ssaawa emu yao ndiyo saa moja yetu. Kampala iko jirani na ikweta, jua halichelewi wala kuwahi sana mwaka mzima, basi siku inaanza kuhesabiwa karibu na macheo. Fundi anayeingia saa moja asubuhi na kutoka saa kumi na moja jioni amefanya kazi saa kumi. Toa moja kwenye kumi na moja, umemaliza. Kwa saa ya Kizungu fundi huyohuyo anaingia saba na kutoka tano, na lazima uruke adhuhuri ndipo hesabu ikae. Basi la saa mbili usiku linalofika saa kumi na moja alfajiri limekwenda saa tisa, wala usiku wa manane haukuguswa.

Ila usichanganye. Tiketi ikiandika 20:00 nawe ukahesabu kufika kwa saa ya Kiswahili, umepoteza au umezua saa sita nzima. Na mipaka nayo husogea: watu wa Juba tulitumia nao saa ileile hadi Februari 1, 2021, waliporudisha saa zao nyuma. Siku hiyo dole gumba la hajati lilijifunza hatua mpya kwa abiria wa kaskazini.

Basi la Kigali liliingia saa moja na robo, abiria wakishuka na usingizi machoni. Nikageuka kumwambia hajati limechelewa kidogo tu. Gumba lilikuwa limesharudi kwenye tasbihi.