Heko kwa Warina Asali wa Kiboni
Ukitoka gatini Mokowe, Lamu nchini Kenya, ukashika njia ya Hindi hadi Bargoni, umefika kwa Waboni, wanaojiita Waaweer. Nawavulia kofia warina asali wao. Hupiga mbinja kumwita mlembe, ndege mdogo asiyefugwa na mtu; naye huitika kwa kelele, akiruka mti hadi mti mpaka penye nyuki. Mrinaji huchukua asali, ndege hula nta. Waborana wa kaskazini mwa Kenya, nao, humwita kwa kupuliza viganja, makombe, hata kokwa za makoma. Mwaka 1989 watafiti Isack na Reyer walionyesha kwamba Mborana asiyeongozwa na ndege, akiwa eneo asilolijua, hutafuta nyuki kwa muda wa takriban saa 9. Akiongozwa, 3 tu. Uwindaji, riziki nyingine ya Waboni, ulipigwa marufuku Kenya mwaka 1977. Lakini mbinja yao haikunyamaza, alhamdulillahi.