Mgalula hakuhitaji moto mwekundu

K: Missing Kings, filamu ya katuni ya Kijapani iliyotoka Julai 2014, inaanzia pale mfululizo wa 2012 ulipoishia: wafalme hawapo. Mikoto Suoh, Mfalme Mwekundu, ameuawa, na vijana wa ukoo wake, HOMRA, wametawanyika. Mfalme wa Fedha hajulikani aliko. Kwa kuwa nguvu za ajabu za kila mfuasi hutoka kwa mfalme wake, msiba huu unafanana na mtaa mzima kukatikiwa umeme. Mwishoni moto unamwangukia Anna, msichana mdogo, naye anakuwa mfalme. Taa zinawaka.

Kwa picha, sina ugomvi nayo. Ugomvi wangu ni huo mrithi anayeshushwa kutoka juu bila mtu kumwandalia chochote. Huku kwetu, uwanda wa kati wa Tanzania, kazi hiyo ya kumwandalia mrithi kiti iliwahi kufanywa kwa ustadi zaidi.

Mirambo, mtemi wa Urambo, alikufa tarehe 2 Desemba 1884. Mwezi huohuo akafa Nyungu ya Mawe, aliyetawala Ukimbu, nchi ya mapori magharibi mwa Ugogo. (Wanaolijua neno nyungu kwa kujifukiza tu wajue kwamba huyu alijiita chungu cha mawe, kisichovunjika.) Wote wawili walipanda kwa nguvu za rugaruga, vijana wa vita waliovuta bangi na kujipamba kwa viungo vya maadui ili watishe. Wote wawili walitajirika kwa pembe za ndovu. Dola la Mirambo lilianza kumeguka mara tu alipozikwa. La Nyungu likaenda kwa binti yake, Mgalula, na likadumu hadi 1895.

Mirambo alipoishinda nchi, aghalabu alimsimika mtu wa ukoo uleule wa kitemi, mradi amtii. Kamba ilifungwa kati ya mtu na mtu. Mmoja akifa, imekatika. Nyungu aliwaacha watemi wa Kikimbu mahali pao, watemi wadogo wapatao 30, kisha akawagawa kwa majimbo machache na juu ya kila jimbo akaweka mtwale, yaani mwakilishi, wake mwenyewe. Mtwale alikusanya pembe na kuzipeleka Kiwele, makao makuu. Cheo chake hakikutoka kwa ukoo wa pale, kwa hiyo hakuwa na pa kurudi isipokuwa Kiwele, awe anakaa huko Nyungu au mwanawe.

Wachambuzi wengi huishia kwenye hao watwale. Mimi naona ufundi mkubwa zaidi uko kwenye kile ambacho Nyungu hakukigusa. Yeye alikuwa mgeni, mtu wa ukoo wa kitemi wa Unyanyembe, na matambiko ya nchi aliwaachia watemi wenyeji. Mizimu ya Wakimbu haikuwa mikononi mwake. Alipokufa, nchi ilipoteza mkusanya pembe na jemadari. Haikupoteza mtu wa kuisemea kwa wahenga wake. Ndiyo maana Mgalula hakulazimika kuwa baba yake. Alikalia kiti ambacho kazi zake zilikwisha kugawanywa.

Sasa mtazame Mikoto. Jemadari ni yeye, chemchemi ya nguvu ni yeye, gundi ya kuwashika vijana ni yeye. Mwandishi akirundika vyote katika mwili mmoja, hana njia ya kutoka ila muujiza, na muujiza ndio aliotupa. Kinachoniudhi ni kwamba mtwale alikuwepo: Izumo Kusanagi, msaidizi wa Mikoto na mwenye baa wanayokutania, mtu anayemjua kila kijana na tabia zake. Ningelipa tiketi ya pili kuiona filamu ambayo ukoo unashikiliwa na huyo mwenye baa, bila moto wowote, na Anna anaketishwa kwenye kiti cha Mikoto akiwa bado msichana mdogo tu.