Jicho na Sikio Mbele ya Chungu: Utazamiaji katika Macbeth

Walimu wengi wa tamthilia ya Macbeth hulichukulia onyesho la kwanza la tendo la nne kuwa ithibati ya nguvu za majaliwa. Macbeth huwaendea wachawi, huonyeshwa yajayo, nayo hutukia. Kwa usomaji huo mviga wa chungu ni dirisha tu, na achunguliaye dirishani halaumiwi kwa alichokiona. Usomaji huu unarahisisha mno. Unamwondolea mhusika mkuu hatia, na unapuuza jinsi mviga wenyewe ulivyoundwa.

Mviga huu ni ubunifu wa Shakespeare. Katika masimulizi ya kihistoria ya Holinshed, ambayo toleo lake la pili lilichapwa 1587 na ambayo ndiyo chimbuko la kisa, waaguzi humwonya Macbeth juu ya Macduff, na mchawi anayemwamini humwambia kwamba hatauawa na aliyezaliwa na mwanamke, wala hatashindwa mpaka msitu wa Birnam ufike Dunsinane. Hakuna chungu, hakuna vivuli vinavyozuka. Maneno yalikuwa tayari. Alichoongeza Shakespeare ni cha kutazamwa.

Na kinachotazamwa hakipatani na kinachosikika. Kichwa chenye kofia ya chuma chamwonya ajihadhari na Macduff. Lakini ni kichwa kisicho na kiwiliwili, na mwishoni Macduff ataingia jukwaani na kichwa cha Macbeth. Mtoto aliyetapakaa damu amwambia hakuna aliyezaliwa na mwanamke atakayemdhuru, hali yeye mwenyewe ni sura ya mtoto aliyepasuliwa tumboni mwa mamaye kabla ya wakati. Mtoto mwenye taji asema Macbeth hatashindwa mpaka msitu utembee, na mkononi ameshika mti: ndivyo askari wa Malcolm watakavyoyabeba matawi. Jicho laambiwa kweli, sikio labembelezwa. Macbeth huchagua sikio.

Ulinganifu huo umekwisha kutajwa na wahakiki wa Kiingereza. Lisiloulizwa sana ni kwa nini hakuna anayemfasiria Macbeth alichokiona. Msomaji wa Kiswahili, aliyefikiwa na tamthilia hii kwa tafsiri ya S. S. Mushi, Makbeth (1968), ana nyenzo ya kuuliza hivyo. Katika ramli mteja hajisomei. Mpiga ramli ndiye azijuaye sura kumi na sita, ndiye azipimaye moja kwa nyingine, na akimaliza hutaja kafara. Bila kafara utazamiaji ungekuwa ukatili mtupu, kwani kafara ndiyo inayokiri kwamba shari iliyoonekana bado yaweza kuepukwa. Isitoshe, kazi hiyo ni ya mganga. Kumwendea mchawi ili akutazamie ni jambo ambalo kwa Kiswahili lasikika kama kosa hata kabla chungu hakijachemka. Penye chungu mteja huamriwa asikilize na kunyamaza. Akizidi kudadisi huambiwa asitafute zaidi. Hapewi fasiri wala kafara, naye hazidai.

Banquo alikuwa na swali bora. Katika tendo la kwanza aliwauliza wanawake haohao kama wanaweza kutazama ndani ya mbegu za wakati na kujua ipi itaota na ipi haitaota. Swali hilo lakiri kwamba mbegu ni nyingi, na kwamba nyingine hufia ardhini.

Mwaka mmoja baada ya tafsiri ya Mushi, Ebrahim Hussein alichapisha Kinjeketile (1969), na humo mtazamiwa na mfasiri ni mtu mmoja. Kinjeketile, akiisha kuzinduka, autafakari ujumbe wa Hongo na kugundua kwamba ndani yake mna utawala wa ukoo wa Seyyid Said baada ya ule wa Wajerumani. Ashtuka, awataka watu wasubiri. Hafaulu, maana neno limekwisha kuwa mali ya umma. Lakini ameyapima aliyotamka akiwa amepagawa, kazi ambayo Macbeth haigusi.

Haigusi, ingawa anaiweza. Gwaride la wafalme wanane, la mwisho akiwa na kioo mkononi na Banquo akiwafuata nyuma, hupita kimya. Wafalme hawasemi lolote, na hapo Macbeth asoma sawasawa: hiki ni kizazi cha Banquo. Jicho lake, basi, halikuwa na kasoro. Mara aletewa habari kwamba Macduff amekimbilia Uingereza, naye aamua kuishambulia ngome ya Fife na kumuua mke na watoto wa mtu asiyekuwapo. Hakuna kivuli kilichomtuma huko. Kichwa kilitaja Macduff, hakikutaja watoto. Na ni kwa ajili ya watoto hao kwamba katika tendo la tano Macduff akataa kupigana na askari wa kukodiwa, amtafuta Macbeth peke yake.