Ngozi Nyeusi na Mwanga Haba: Upigaji Picha wa Bradford Young katika Mother of George

Kwa miongo kadhaa, kadi za Kodak zilizotumiwa kusawazisha rangi maabarani zilibeba sura ya mwanamke Mzungu. Ngozi nyeusi ikahesabiwa kuwa tatizo linalodai taa zaidi. Bradford Young, Mmarekani mweusi aliyesoma Chuo Kikuu cha Howard chini ya Haile Gerima, anaukana mtazamo huo kwa vitendo. Katika Mother of George (2013), filamu ya Andrew Dosunmu kuhusu Wayoruba wa Brooklyn, uso wa Adenike haumulikwi wote: mwanga hafifu wa upande mmoja huteleza shavuni, na sehemu iliyosalia huachiwa giza ambalo bado lina rangi. Mtaala wa filamu unaoanza na wingi wa taa, kabla ya namna ngozi inavyorudisha mwanga, unarithisha kasoro ya kadi zile zile. Aghalabu Young humsukuma mhusika pembeni mwa fremu, naye huonekana amebanwa na ukwe hata anapokuwa peke yake. Mbinu hii ina gharama yake. Penye vitambaa vya harusi, jicho hushiba mapema mno, na uchungu wa mke anayedaiwa mtoto huchelewa kufika.