Mcheza Ugenini

Methali isemayo kwamba mcheza kwao hutuzwa ilizaliwa katika uwanja wa ngoma, ambako mchezaji anayejulikana na jamaa zake hubandikiwa noti kwenye paji la uso huku ngoma ikiendelea, na mpira wa kikapu umeigeuza juu chini. Kwa miongo mingi Wamarekani wasiopata nafasi katika NBA, ambayo ni ligi kuu ya kulipwa ya nchi yao, au waliokwisha kuzeeka humo, wamevuka bahari kutafuta tuzo zao Italia, Hispania na Uturuki, na tangu 2021, ilipoanza Ligi ya Kikapu ya Afrika mjini Kigali, wengine wao wameonekana hata katika timu za bara hili. Bob McAdoo, aliyekuwa mchezaji bora wa NBA mwaka 1975, alihamia Milano akiwa na umri wa miaka 35 hivi, na huko akatwaa ubingwa wa klabu za Ulaya mara mbili mfululizo, mwaka 1987 na 1988. Hata hivyo, kwa mtu anayeutazama mchezo huu kutoka jimbo la Haut-Katanga nchini Kongo, safari yenye uzito zaidi ni ile ya upande wa pili, ya vijana waliotoka kwenye udongo mwekundu wa jimbo hilo wakaenda kutuzwa kwa watu wengine, na hawakutuzwa kwa sababu ya kufunga magoli bali kwa ufundi wa kuyazuia.

Ufundi huo, ambao vijana wa Kongo kwa kufuata Kifaransa huuita kontre na wale wa Tanzania na Kenya huuita bloku, ni wa kuugusa mpira uliotupwa kuelekea kwenye pete kabla haujafika huko. Watu wengi hudhani kwamba ni suala la urefu tu, kana kwamba mtu mrefu akisimama chini ya pete iliyowekwa mita 3.05 juu ya ardhi, kazi itajifanya yenyewe, na dhana hiyo ni dhuluma kwa mafundi. Kanuni zinakataza kuugusa mpira ukishaanza kushuka kuelekea kwenye pete, kwa hiyo muda wote wa kazi hii ni ule mfupi mno ambao mpira umeuacha mkono wa mshambuliaji na bado unapanda. Tena mshambuliaji ana hila zake: huinua mabega bila kutupa, hunyoosha mpira kisha huurudisha, akimtaka mlinzi aruke kabla ya wakati ili ampite angali hewani au mlinzi huyo amfanyie kosa. Mlinzi hodari kwa hiyo hauamini mpira wala macho ya mwenzake. Hutazama nyonga na magoti, kwa maana mikono yaweza kudanganya lakini mtu hawezi kuruka bila miguu kumtangaza. Hungoja nyayo za mwingine ziiache ardhi, ndipo naye huruka, wima, kiwiliwili kikiwa kimenyooka ili kisimguse mtu, mkono mmoja tu ukitangulia, na vidole vikiwa vimelegea kiasi cha kuupokea mpira badala ya kuupiga kofi.

Vidole hivyo vilivyolegea ndivyo vinavyomtenganisha fundi na mtu mwenye nguvu. Mpira unaopigwa kofi ukaangukia kwenye viti vya watazamaji hurudishwa kwa timu ileile iliyokuwa ikishambulia, kwa hiyo kilichopatikana ni makofi ya watu na pumzi ya sekunde chache. Bill Russell, aliyeichezea Boston kwa misimu 13 na kuipatia ubingwa mara 11 kati ya 1957 na 1969, alikuwa na desturi ya kuusukuma mpira taratibu, kama anayemkabidhi mtu kikombe, ukaenda kwa mwenzake ambaye tayari alikuwa anakimbia kuelekea upande wa pili. Ajabu ni kwamba hakuna ajuaye idadi ya mipira aliyoizuia, kwani NBA ilianza kuihesabu katika msimu wa 1973–74, miaka kadhaa baada ya yeye kustaafu. Fundi mkubwa kuliko wote wa kazi hii alifanya kazi isiyoandikwa popote, na jambo hilo linapaswa kumsumbua kila mtu anayedhani kwamba thamani ya kazi huanza pale inapohesabiwa.

Kama ilivyo kwa ufundi wowote wa kweli, huu nao una silsila, yaani mnyororo wa mikono uliopokezana. John Thompson alikuwa mchezaji wa akiba nyuma ya Russell huko Boston kwa misimu miwili, kisha akawa kocha wa Chuo Kikuu cha Georgetown, Washington, na hapo ndipo mwaka 1987 alipofika kijana wa Kinshasa, Dikembe Mutombo, aliyezaliwa 25 Juni 1966, ambaye alikwenda Marekani kwa nia ya kusomea udaktari. Alichojifunza kwa Thompson kilimtosha kwa misimu 18. Alizuia mipira 3,289, idadi ambayo katika vitabu vya NBA imepitwa na ya Hakeem Olajuwon wa Nigeria peke yake, na mara nne alichaguliwa kuwa mlinzi bora wa mwaka. Mnamo Mei 1994 timu yake ya Denver, iliyoingia katika mtoano ikiwa ya nane na ya mwisho upande wake, iliiondoa Seattle iliyokuwa ya kwanza, jambo lisilowahi kutokea kabla ya hapo. Katika michezo hiyo mitano Mutombo alizuia mipira 31, na filimbi ya mwisho ilipolia alikuwa amelala chali sakafuni, ameukumbatia mpira kwa mikono miwili juu ya kichwa chake, akicheka kama mtoto. Picha hiyo imezunguka dunia nzima, na inafaa kutazamwa polepole, kwa sababu mtu aliyeibeba timu nzima mabegani mwake haonyeshwi akifunga goli. Anaonyeshwa akiwa na mpira ambao wengine hawakuupata.

Kidole chake cha shahada, alichokitikisa kila alipouzuia mpira kana kwamba anamkanya mtoto asiguse chungu cha moto, kilipendwa kuliko takwimu zote hizo. Ligi ilipoanza kumwadhibu kwa kuwatikisia wapinzani, akaanza kukitikisa kwa watazamaji. Alipofariki 30 Septemba 2024, akiwa na umri wa miaka 58, kidole hicho ndicho kilichochorwa na kukumbukwa zaidi, ingawa huko Kinshasa kuna hospitali yenye jina la mama yake, Biamba Marie Mutombo, iliyofunguliwa mwaka 2007, na wagonjwa wanaotibiwa humo wana sababu nyingine ya kumkumbuka.

Mnyororo ulipoingia Katanga ulikuta nchi yenye ufundi wa namna yake. Kabla ya wazungu kuja na tanuri zao, wafua shaba wa eneo hilo waliyayeyusha mawe ya kijani, yaani malakiti, katika tanuri zilizojengwa kwa udongo wa vichuguu, wakaimimina shaba katika kalibu za mchanga ikatoka katika umbo la msalaba, na misalaba hiyo ikatumika kama fedha katika sehemu kubwa ya Afrika ya kati. Wao wenyewe waliiita kazi hiyo kula shaba, na mwaka 1926 mmisionari Jean-Félix de Hemptinne aliandika juu yao akiwaita wala shaba wa Katanga. Siri ya kazi ile haikuwa katika mawe, maana mawe yalikuwa mengi. Siri ilikuwa katika kungoja. Mfua shaba aliusoma mwali na akaijua saa ya kuivukuta mivuo na saa ya kuiacha, kwa sababu tanuri likifunguliwa mapema, kazi ya siku nzima huishia katika mavi ya shaba yasiyomfaa mtu. Msomaji atasamehe ulinganisho huu, lakini hakuna njia nyingine ya kueleza kinachotokea chini ya pete: mlinzi anayeruka mapema naye amelifungua tanuri kabla ya saa yake.

Bismack Biyombo alizaliwa Lubumbashi mwaka 1992, na aliondoka nyumbani akiwa bado kijana mdogo kwenda kucheza Yemen, nchi ambayo wachezaji wachache sana wa kikapu huiweka katika ndoto zao. Kocha Mreno Mário Palma alimwona katika mashindano ya vijana huko Jordan, na kwa mkono wake Biyombo akafika Fuenlabrada, karibu na Madrid, ambako mwanzoni mwa 2011 aliingia katika ligi kuu ya Hispania. Miezi michache baadaye, katika mchezo wa vijana wa dunia dhidi ya Wamarekani mjini Portland, alipata pointi 12, ribaundi 11 na kuzuia mipira 10, jambo ambalo hakuna aliyewahi kulifanya katika historia ya mchezo huo. Ribaundi, kwa asiyeuzoea mchezo, ni kuudaka mpira uliokosa pete, na ni ndugu wa kontre, maana kazi zote mbili ni za mtu anayeshughulikia makosa na matumaini ya wengine. Mwaka uleule alichaguliwa wa 7 katika uteuzi wa wachezaji wapya wa NBA.

Si mrefu kupita kiasi kwa kazi hiyo. Ana sentimita 203 hivi, na wengi anaowazuia wamempita. Mungu alimjalia mikono inayokaribia mita 2.3 kutoka ncha hadi ncha, lakini mikono haijui wakati, na wakati ndio aliousomea. Tarehe 21 Mei 2016, akiichezea Toronto katika nusu fainali dhidi ya Cleveland ya LeBron James, alidaka ribaundi 26 na kuzuia mipira 4, na Toronto ikashinda kwa 99 kwa 84. Pointi alizofunga mwenyewe zilikuwa 7 tu. Msimu huo kidole cha Mutombo kilionekana tena uwanjani, safari hii mkononi mwa mtoto wa Katanga. Naye Oscar Tshiebwe, aliyezaliwa Lubumbashi mwaka 1999, alidaka ribaundi 28 katika mchezo mmoja wa Chuo Kikuu cha Kentucky mnamo Desemba 2021, na msimu huo akatajwa kuwa mchezaji bora wa vyuo vyote vya Marekani kwa wastani wa ribaundi 15.1. Watoto wawili wa jiji moja wakipata sifa ugenini kwa kazi ileile isiyo na mapambo, ni vigumu kusema kwamba ni bahati tu.

Mchezo wenyewe, kwa bahati mbaya, unazidi kuwapa kisogo watu wa aina hii. Tangu msimu wa 2001–02 mlinzi wa NBA hawezi kukaa zaidi ya sekunde 3 katika eneo lililo chini ya pete bila kuwa na mtu anayemkaba, na mtupo wa pointi 3 kutoka mbali, ulioingizwa katika ligi hiyo mwaka 1979, umegeuka kuwa chakula cha kila siku, hata warefu hulazimika kuiacha pete na kukimbizana na watupaji kwenye mstari wa mita 7.24. Watetezi wa mtindo huo wana hesabu zao, na hesabu hizo ni sahihi. Kinachosikitisha ni kwamba vijana wanaoutazama kwenye simu huona mpira ukiruka kutoka mbali na kutumbukia, mara mia kwa siku, na hawaoni kamwe zile hatua mbili za kando ambazo mlinzi amezipiga kabla mtu yeyote hajatupa.

Kamatanda, mtaa wa pembezoni mwa Likasi, unaweza kutoa mlinzi mwingine kama Biyombo, kwa kuwa Lubumbashi iko umbali wa kilomita 120 hivi tu na watu ni walewale. Likasi, iliyoitwa Jadotville hadi 1966, ililelewa na kampuni ya shaba, kwanza Union Minière na kisha Gécamines, ambayo pamoja na viwanda vya Shituru na Panda ilikuwa na shule, hospitali na viwanja vya michezo vya wafanyakazi wake. Mwaka 1986 Gécamines ilitoa karibu tani 476,000 za shaba. Miaka michache baadaye ilikuwa imeporomoka, na kila kilichotegemea mfuko wake kikaporomoka nayo, pamoja na walimu wa michezo waliolipwa kukaa na watoto saa kumi jioni. Machimbo ya Kamatanda leo yanajulikana kwa creuseurs, yaani wachimbaji wa mikono, wanaojaza magunia ya mawe ya shaba na kobalti ambayo hupimwa kwa kilo na kupakiwa kwenye malori. Wala shaba wa kale waliondoka na msalaba uliokamilika. Gunia la leo huondoka na jiwe, na anayeijua saa ya mwali yuko nchi nyingine.

Vipaji navyo husafirishwa hivyohivyo. Mtafuta wachezaji hupima urefu wa kijana, hupima mikono, hupiga picha, na yaliyosalia hufanyika Yemen, Hispania au Marekani, ambako yupo mtu mwenye subira ya kumfundisha kusimama. Biyombo mwenyewe hakusahau alikotoka, kwani mwaka 2022, alipokuwa Phoenix, aliutoa mshahara wake wa msimu ule ujenge hospitali Kongo kwa kumbukumbu ya baba yake, François, aliyefariki mwaka uliotangulia. Lakini hospitali haifundishi kontre, wala si haki kumdai mtu mmoja yote mawili. Jioni, malori yakishapita, kijana wa Kamatanda mwenye mikono mirefu husimama chini ya pete isiyo na wavu, mwenzake huinua mabega bila kutupa, naye huruka mapema, kwa sababu hajawahi kuwapo mtu wa kumwambia angoje.