Pongezi kwa Park Kyong-ni

Riwaya za kihistoria zinazopamba majumba ya wafalme zina utamu wake. Pongezi zangu za dhati, hata hivyo, ni za Park Kyong-ni wa Korea, aliyeandika Toji kuanzia 1969 hadi 1994. Miaka 25, riwaya moja! Inaanza siku ya sikukuu ya mavuno mwaka 1897, kijijini Pyeongsa-ri, na kuishia Agosti 1945, utawala wa Japani nchini Korea ulipokoma. Mwaka 1971 mwandishi alifanyiwa upasuaji wa saratani ya titi, akarudi kuandika.

Ninachomheshimia zaidi ni haki anayowatendea wahusika. Seo-hui, binti wa ukoo wa Choe, anadhulumiwa mashamba ya mababu na kuhamia Manchuria kujipanga upya. Lakini watumishi na wakulima wasio na ardhi nao wana hasira zao, mapenzi yao, wivu wao, wala hawapo tu kumsindikiza bibi mwenye mali. Kipindupindu, njaa, uporaji wa ardhi: historia inaingia kupitia jikoni na shambani.

Katika mji wa Wonju, alikoimalizia kazi hiyo, alianzisha kituo kinachowapa waandishi malazi na chakula ili nao waandike.